Nguzo Inayokwenda Kushoto

Nyinyi wenzangu wa chai ya Jumapili mmeniuliza mara tatu safari ilikuwaje, na mara zote tatu nimewajibu "salama tu" nikanyoosha mkono kuchukua kaimati nyingine. Sasa mmeanza kupita mlangoni petu na kucheka. Mnasema seremala gani huyu, mtoto wa fundi wa milango ya Mombasa, anayesimamisha nguzo mbili barazani, moja imesokotwa kwenda kulia na nyingine kwenda kushoto. Basi nawaandikia. Mwenye haraka aishie hapa, maana hata treni nilizopanda hazikuwa na haraka.

Queensbury

Mama Ileana mnamjua kwa sura: bibi wa Kiromania mwenye nyumba yetu, anayekaa chini na sisi juu. Jinsi tulivyofika kwake labda hamjui. Wiki ile tuliyoshuka London na masanduku mawili, mimi na mke wangu Shirin, nilibisha milango mingi yenye vibao vya vyumba, na kila chumba kilikuwa kimechukuliwa dakika hiyo hiyo. Mama Ileana alifungua, akanitazama, akauliza nafanya kazi gani. Nikasema useremala. Akashika mkono wangu wa kulia, akaugeuza, akapapasa sugu za kiganjani, akasema chumba kiko juu na ngazi ya tatu inalia. Hakuuliza lingine. Naye alikuwa binti wa seremala.

Mnazijua nyumba za mtaa wetu, zile za mbao nyeusi juu ya ukuta mweupe, kana kwamba zilijengwa enzi za wafalme. Siku za mwanzo niligonga ubao mmoja nikasikia mvungu. Haubebi kitu, umegongomewa tu ili nyumba ionekane ya kale. Nilimwendea Mama Ileana nikicheka. Yeye hakucheka.

"Hata kwetu tulitafuta nguo za bibi zetu," akasema, kwa Kiingereza chetu kile cha kuungwa kwa gundi. "Ila zetu zinabeba paa."

Akatoa picha. Nyumba ya baraza ndefu, paa pana lililoshuka mpaka karibu na macho, matao yenye mikunjo mitatu, na nguzo sita za mti zilizosokotwa kama kamba. Alinieleza kwamba zama za baba yake, wasanifu wa nchi yake walichoka kuiga Paris. Wakaenda kwenye nyumba za watawa na za wakulima kuangalia kipi ni chao: nguzo za kusokotwa, matao yale, mkanda wa kamba ya jiwe unaozunguka kiuno cha ukuta. Wakayarudisha mjini, wakayaita mtindo wa taifa. Baba yake aliwachongea mabwana wa Bukaresti miaka mingi, kisha akarudi mji wao mdogo chini ya milima, akajijengea nyumba hii.

Mwaka huu masika alipata habari mbili. Daktari alimwambia kabla ya baridi macho yake yatakuwa yanaona mwanga tu. Na dada yake, Viorica, aliyebaki katika nyumba ile, aliandika kwamba itabomolewa wajenge fleti. Mama Ileana mwenyewe hawezi kurudi kwao. Aliondoka kwa njia ambayo haimwachii mtu mlango nyuma.

"Nenda wewe," akaniambia. "Nguzo haiingii kwenye begi. Niletee kanzu yake."

Kanzu nilimfundisha mimi. Baba yangu alipotaka kunakili nakshi ya nguzo au ya mlango, aliiviringishia karatasi ya kaki, akaisugua kwa mkaa na nta mpaka kila mchoro ukatokea. Aliita kuivika kanzu. Ukiivua, una nguzo nzima mkononi, unaikunja unaondoka nayo. Mama Ileana alitaka niichonge upya hapa London, niisimamishe mlangoni, ili macho yakifunga mkono wake uwe na pa kushika.

"Nguzo ya mwisho, upande wa jikoni," akasema. "Ya mwisho. Si nyingine."

Nikasema nimesikia. Sababu sikuuliza. Kwetu mteja haulizwi sababu, huulizwa kipimo.

Shirin alikuwa na neno lake. "Wewe wenda kwa makomunisti kupapasa nguzo? Na ovataimu je?"

"Huyu ndiye aliyetufungulia mlango, Shirin."

Akashusha bakuli la unga. "Basi enda. Lakini usile ovyo huko." Akaanza kukanda unga wa mahamri.

Victoria mpaka Vienna

Nilipanda treni Victoria nikiwa na begi la nguo, kikapu cha Shirin, na bunda la karatasi ya kaki refu kuliko mimi. Kwenye meli ya kuvukia nilitapika kwa adabu. Ubelgiji sikuiona, ilikuwa mvua.

Ndani ya Ujerumani treni ilisimama katikati ya mashamba, ikakaa saa nne. Hakuna aliyesema kwa nini. Mtu wa Mombasa hashangazwi na kungoja. Kinachomshangaza ni kungoja bila mtu wa kulalamika naye. Wenzangu wa behewa walisoma magazeti yao kimya kama wako mtihanini. Nikafungua kikapu. Achari ya maembe ya Shirin ilipoanza kunukia, mama mmoja alifungua dirisha. Bwana mmoja mnene, aliyekuwa akienda Linz, alifunga dirisha akanyoosha kidole kuuliza. Nikampa kwa hamri. Alikula, machozi yakamtoka, akajipiga kifua, kisha akanyoosha kidole tena. Mpaka treni inaondoka tulikuwa tumemaliza nusu chupa, na yule mama amekula hamri mbili bila achari huku akitazama nje, kana kwamba mkono si wake.

Mpakani

Vienna nilibadili treni, nikavuka Hungaria nimelala. Mpaka wa Romania ndio ulioniamsha. Afisa alichukua pasi yangu ya Kiingereza, akanitazama, akaitazama pasi, akanitazama tena. Nimezoea. Hata Heathrow walinitazama hivyo hivyo, na kule ndiko pasi ilikotoka.

Kilichomsumbua hasa ni bunda la karatasi, pamoja na mfuko wa mkaa. Aliona ramani. Akaamuru likunjuliwe, nasi tukalikunjua: mimi nimeshika ncha, abiria mmoja akashika kati, mwingine akashika mbele, mpaka karatasi tupu ikajaa ujia wa behewa kutoka mlango hadi mlango. Afisa alitembea kando yake akiikagua shibiri kwa shibiri. Haikuwa na kitu. Hilo likamtia shaka zaidi. Nani anasafirisha karatasi tupu kutoka London?

Maneno sikuwa nayo. Nikachana kipande, nikakiviringisha kwenye bomba la kushikia pale dirishani, nikasugua mkaa. Skrubu zikatokea, na kiungo cha bomba, na mikwaruzo ya kucha za watu. Afisa akainama. Akachukua mkaa akasugua mwenyewe. Alipomaliza aliikunja ile karatasi, akaitia mfukoni mwake, akagonga muhuri kwenye pasi yangu. Tulichelewa kwa ajili yangu, na abiria hawakuninunia, labda kwa sababu kila mmoja alishika karatasi.

Bukaresti

Watu wa utalii walinipa mwongozaji, Bwana Radu, mtu wa miaka hamsini hivi mwenye koti zito na Kiingereza alichojifundisha kwenye vitabu vya injini. Alitaka kunionyesha fleti mpya. Nikasema nimekuja kutazama mabaraza. Alitazama mtaa kushoto na kulia, akasema basi tutembee, kutembea hakuna kosa.

Akanipeleka kwenye mitaa ya miti mikubwa, na zile nyumba zilikuwepo kweli. Nilisimama kama mshamba. Ngazi ya mawe inapanda kwenye baraza ya juu; nguzo fupi nene, zimesokotwa; matao ya mikunjo mitatu; paa limetokeza mbele kumkinga mtu jua na mvua. Nakshi ya maua na ndege imechongwa kwenye jiwe kwa kina ambacho mimi hukiweza kwenye mti tu. Nyingine zilikuwa zimepasuka, nguo zimeanikwa barazani, na kwenye nyumba iliyojengewa tajiri mmoja zinakaa familia sita. Hata hivyo zilikuwa nyumba za watu waliojua wanataka nini. Niliona wivu, naungama.

"Siku hizi tunaambiwa hizi ni nyumba za mabwana," Radu akasema.

"Na nguzo?"

"Nguzo zilitoka kwa wakulima. Mabwana waliziazima."

"Wakarudisha?"

Alicheka bila kutoa sauti, ustadi ambao nadhani wameufanyia mazoezi. Nikamsimulia kwamba baada ya Uhuru watu walikuwa wakija karakana kwetu kumuuliza baba milango ile ni ya nani hasa, Waarabu, Wahindi au Waswahili. Baba aliwajibu bila kuinua kichwa: ni ya anayeifungua.

Mchana tulikula. Nilimwambia Radu sili nguruwe, na kwa usalama nikasema sitaki nyama kabisa. Mhudumu akaleta soseji. Radu akaeleza kwamba kwa mhudumu soseji si nyama. Nikamsogezea Radu, naye hakukataa. Kisha kikaja kilima cha rangi ya manjano chenye moshi, jibini juu na maziwa lala pembeni. Nikaonja. Jamani, sima! Nimevuka bahari na milima, nimetapika, nimekaguliwa mkaa, nikaletewa sima ya mahindi. Nikaacha kijiko, nikamega kwa mkono wa kulia, mkono niliofundishwa kulia kwa kufungwa ule mwingine. Radu alinitazama, akatazama mlango, kisha akamega na yeye. Akasema bibi yake alikula hivyo.

Kwa Viorica

Kwa Viorica nilikwenda peke yangu, kwa treni ndogo, halafu basi, halafu miguu. Sikuwa na barua. Mama Ileana aliogopa barua isije ikasomwa njiani. Alinipa picha tu. Viorica, bibi wa kilemba cheusi mwenye pua ile ile ya dada yake, aliipokea picha akaibusu, akanibusu mimi, akalia, akaniletea sima. Lugha hatukuwa nayo hata moja.

Nguzo zilikuwa sita, kama kwenye picha. Nilizizunguka kutwa nzima. Tano za kwanza zilikuwa kazi ya bingwa: msokoto unapanda kwenda kulia, mikato ina kina kimoja, ukipitisha kidole huwezi kujua patasi iliingilia wapi. Ya sita, ya upande wa jikoni, ilikuwa kituko. Msokoto wake ulikwenda kushoto, kinyume cha wenzake. Mikato ilipanda na kushuka. Mahali pamoja patasi ilikuwa imeponyoka ikaacha kovu. Nikajua mara moja: mzee alichoka, akamwachia kibarua, na kibarua alikuwa amelewa.

Nilianza kuivika kanzu kama nilivyoagizwa. Nikasugua shibiri moja, nikasita. Baba yangu alikuwa na kauli: kazi mbovu hainakiliwi. Mama Ileana alikuwa hajaiona nyumba hii kwa zaidi ya miaka ishirini; bila shaka alikumbuka mahali na kusahau kazi. Angeshika nguzo mbovu kila siku ya upofu wake, na mimi ndiye ningekuwa nimemletea. Nikaivua karatasi, nikahamia nguzo ya tano. Nilijiona mwema sana.

Viorica alikuwa akitazama. Akaja akanishika mkono, akanirudisha kwenye ya sita. Nikarudi ya tano. Akanirudisha. Kisha akainua mikono yake mbele ya uso wangu, akaizungusha, mmoja huku mmoja kule, kama mtu anayekamua nguo. Akajigusa kifua, akanyoosha kidole mbali, upande wa London, akakamua tena. Nikajitazama. Shati langu lilikuwa limejaa mkaa kuanzia ukosi. Nikaona aibu, nikalivua, nikampa.

Alilishika shati muda mrefu. Kisha akaenda kulifua, nami nikamaliza kanzu ya nguzo ya tano.

Kesho yake alinipigia pasi shati hilo na kunipa jibini la njiani. Lile jibini nililifunga kwa kipande cha karatasi kilichokuwa karibu, ile shibiri moja ya nguzo ya sita.

Kurudi

Kurudi hakukuwa na kisa. Mpakani nilimtafuta afisa wangu kwa macho, hakuwa zamu. Nilipofika kituo cha Queensbury Shirin alikuwa amekuja kunipokea. Akanusa begi, akauliza nani amekufa humo. Jibini lilikuwa limechacha. Tulilitia kwenye friji ya Mama Ileana, karatasi na vyote, naye akalila lote kwa siku mbili akiwa amefumba macho.

Mlangoni

Nilichonga wiki tano, jioni baada ya kazi, kwenye banda la nyuma. Nilimwambia asiingie mpaka niite. Nguzo ilitoka vizuri. Naweza kusema hivyo kwa sababu mnajua sisemi hivyo kila siku. Jumamosi moja niliisimamisha upande wa kulia wa mlango, nikamwita.

Alikuja kwa kupapasa ukuta, maana macho yalishapungua. Akaweka viganja vyote viwili. Akapandisha, akashusha. Nilingoja.

"Hii ni ya baba," akasema.

"Ndiyo, Mama."

"Nzuri sana. Ni baba kabisa." Akaendelea kuishika. "Yangu iko wapi?"

Hapo ndipo aliponieleza jambo ambalo fundi mwingine angeuliza tangu mwanzo. Alipokuwa na miaka kumi na minne, baba yake alimpa nguzo ya mwisho aichonge mwenyewe. Watu wa mji walimcheka mzee: kwanza msichana, pili anatumia mkono wa kushoto. Msokoto ukaenda upande mkono wake ulikopenda. Mzee aliitazama, akasema itabeba paa kama nyingine, akaisimamisha upande wa jikoni.

Akaingia ndani akatoa barua ya Viorica iliyofika juma lile, akaisoma kwa lenzi, ubavu wa karatasi ukigusa pua. Nyumba ilishaangushwa. Nguzo ziligeuzwa kuni. "Mtu uliyemtuma ana adabu," Viorica aliandika. "Nilimwonyesha kwa mikono jinsi ulivyoisokota nguzo yako. Akavua shati akanipa. Nimelifua."

Mama Ileana alicheka mpaka akakaa kwenye ngazi. Mimi nilitaka ardhi ipasuke. Nilimwomba radhi, akasema si kitu, nguzo ya baba ni nzuri, akarudia nzuri, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayemwondolea mgeni sahani aliyoivunja. Usiku ule sikupata usingizi. Na si kwa ajili yake tu. Mimi nilizaliwa mashoto. Baba yangu aliufunga mkono wangu wa kushoto kwa kitambaa tangu nina miaka mitano, kwa kuwa ule ni mkono wa chooni na nakshi ni kazi safi. Alikuwa mtu mzuri, na alifanya alivyofanyiwa. Lakini kati ya mafundi wote wa London, aliyepaswa kuitambua nguzo ile ni mimi, na mimi ndiye niliyemwita aliyeichonga kibarua mlevi.

Asubuhi nilishuka nikamuuliza jibini lilikuwa limefungwa na nini. Karatasi alikuwa ameitia kabatini, hatupi kitu huyu. Mafuta yalikuwa yameingia kila mahali, na mkaa ulikuwa bado upo. Shibiri moja. Kamba ni kamba, ukiwa na shibiri moja unaweza kuendeleza. Kasoro zake ndizo ambazo hazikuwepo: wapi mkato ulipanda, wapi patasi iliponyoka.

"Hizo ninazo," akasema, akinyoosha mkono wake wa kushoto.

Basi aliletewa kiti bandani. Nilikwama siku ya kwanza yote. Mkono wangu wa kulia ulikuwa unanyoosha kila kitu, hauwezi kukosea hata ukiombwa. Siku ya pili niliihamishia patasi mkono wa kushoto. Ilikuwa kama kuandika jina langu kwa mguu. Malengelenge, jasho, na Shirin mlangoni akiuliza kama nimepatwa na kiharusi. Mama Ileana aliweka mkono wake juu ya wangu, akawa anasema: hapa nilichoka, hapa nilikasirika, hapa baba aliniita kula. Tulikwenda hivyo mpaka majani ya mtaani yakaisha.

Wiki iliyopita niliisimamisha upande wa kushoto. Hiyo ndiyo mnayoicheka. Sasa anaona mwanga tu. Alitoka, akaipita ya baba yake bila kuigusa, akaishika hii, akaanza chini kwenda juu, polepole, midomo ikicheza. Nilisimama nyuma yake nikiwa na woga kuliko siku baba alipokagua mlango wangu wa kwanza. Karibu na juu vidole vyake vikasimama. Vikarudi nyuma kidogo, vikapita tena.

"Hapa," akasema, "umenisahihisha."

Nikapitisha kidole changu. Kweli, palikuwa laini. Nikachukua patasi kwa mkono wa kushoto, nikapaharibu.